Madai ya Uvamizi wa Ardhi ya Umma Rungwe: Shauri Hufunguliwa Wapi na Huamuliwa kwa Ushahidi Gani

Uhaba wa ardhi wilayani Rungwe si jambo la jana. Mwanaanthropolojia Philip Gulliver aliuandikia kitabu mwaka 1958, wakati wakazi wa Unyakyusa walikuwa wachache kuliko leo. Chai, migomba, kahawa na sasa parachichi vimelipandisha thamani kila pande la ardhi kuanzia Tukuyu hadi miteremko ya Mlima Rungwe. Hivyo mpaka wa shule, soko au msitu unapobishaniwa, anayeambiwa "umevamia" hujibu kwamba shamba hilo alilirithi kwa babu yake. Huenda wote wawili wanasema kweli kwa namna wanavyoifahamu.

Neno "ardhi ya umma" nalo huleta mkanganyiko. Kwa mujibu wa Sheria ya Ardhi, Sura ya 113, na Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Sura ya 114, zote za mwaka 1999, ardhi yote nchini ni ya umma na Rais ndiye mdhamini wake. Kusema kwamba eneo ni la umma, kwa hiyo, hakumalizi hoja. Kinachotakiwa kuthibitishwa ni nani mwenye haki ya kulitumia, na kwa uamuzi wa chombo kipi. Halmashauri ya Kijiji haina mamlaka ya kugawa ardhi bila idhini ya Mkutano Mkuu wa Kijiji, hivyo muhtasari wa mkutano huo ndio waraka wa kwanza kuulizwa. Kwa bahati mbaya, mara nyingi ndio wa kwanza kupotea.

Haki ya kimila nayo ina nguvu. Mwaka 1994, katika shauri la Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay, Mahakama ya Rufani iliamua kwamba haki ya kimila katika ardhi ni mali inayolindwa na Ibara ya 24 ya Katiba, na haiwezi kutwaliwa bila fidia ya haki. Familia iliyokuwa ikilima kihalali kabla ya eneo kutengwa haiwi mvamizi kwa sababu tu bango limesimikwa.

Hali ni tofauti katika maeneo ya hifadhi. Msitu wa Mlima Rungwe, makazi ya kima aina ya kipunji, ni Hifadhi ya Mazingira Asilia tangu mwaka 2009 na mipaka yake imewekwa kisheria. Kando ya mito kama Kiwira, Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inakataza ndani ya mita 60 shughuli za kudumu au zinazoweza kuathiri uhifadhi. Katika wilaya yenye mabonde membamba, mita 60 zinaweza kuwa shamba zima.

Wananchi wengi hukwama katika utaratibu. Mgogoro kati ya majirani huanzia Baraza la Kata, ambalo tangu marekebisho ya mwaka 2021 husuluhisha tu na halitoi hukumu. Usuluhishi ukishindikana, au siku 30 zikipita bila muafaka, mdai huenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya lililopo Tukuyu.

Njia hiyo haimfai anayeishtaki Halmashauri ya Wilaya au ya Kijiji. Kufuatia marekebisho ya mwaka 2020 ya Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, Sura ya 5, anatakiwa kutoa notisi ya siku 90, kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali na kufungua shauri Mahakama Kuu, ambayo kwa Rungwe ipo Mbeya. Asipomuunganisha, mwenendo wote hubatilika. Mtu anaweza kushinda Tukuyu, kisha kwenye rufaa akaambiwa aanze upya, ilhali ujenzi umekwisha kukamilika shambani kwake. Iwapo hatari haiwezi kusubiri siku 90, Mahakama Kuu inaweza kuombwa amri ya muda ya kulinda hali iliyopo hadi notisi iishe.

Mahakamani, anayedai ndiye anayepaswa kuthibitisha. Kwa ardhi isiyopimwa, hati ya madai ieleze mipaka kwa kutaja mto, barabara na majirani wa pande zote, kwani amri isiyotambulisha eneo haitekelezeki. Mashahidi wazee wapatikane mapema. Kumbukumbu ya aliyeshuhudia shule ikijengwa huweza kuziba pengo la muhtasari uliopotea.

Asiyemudu gharama za wakili anaweza kuomba huduma chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 kupitia watoa huduma waliosajiliwa, wakiwemo wasaidizi wa kisheria. Ni vyema awaone kabla ya kuandika notisi, siyo baada ya shauri kufutwa.