Kibadeni: Mabao Matatu ya 1977 na Kazi Kubwa Iliyofuata

Julai 19, 1977, wapenzi wa kandanda wa Kilosa na Mikumi walitegemea redio kujua yaliyotokea Dar es Salaam. Televisheni ilikuwa haijaanza Tanzania Bara, na gazeti lilikuwa halina budi kusubiri treni au basi. Matokeo ya siku hiyo yalimfanya shabiki wa Yanga adhani amesikia vibaya: Simba 6, Yanga 0.

Mechi ilipigwa Uwanja wa Taifa wa zamani, ambao leo ni Uwanja wa Uhuru. Dakika ya 10, Abdallah Kibadeni wa Simba alifungua karamu ya mabao. Dakika ya 20, Selemani Sanga wa Yanga akajifunga. Dakika ya 42, Kibadeni akatikisa nyavu tena, timu zikaenda mapumziko kwa 3-0. Kipindi cha pili Jumanne Hassan "Masimenti" akapachika mawili, dakika ya 60 na ya 73. Dakika ya 89, Yanga ikiwa imeshakata tamaa, Kibadeni akafunga bao lake la tatu na la sita kwa Simba.

Miaka mingi baadaye, Simba iliichapa Yanga 5-0 Mei 6, 2012. Yanga nayo ikaifunga Simba 5-1 Novemba 5, 2023. Vipigo vyote viwili havikufikia kile cha 1977, na hakuna mchezaji aliyerudia kufunga mabao matatu katika mechi moja ya ligi baina ya watani hao wa jadi. Haki inadai tuseme pia kwamba Yanga ya mwaka ule ilikuwa imepasuka, na nyota wake kadhaa walikuwa wamejitenga na kuunda Pan African. Hata hivyo, anayefunga mabao matatu kwenye mechi ya watani hapewi na mtu, anayatafuta mwenyewe.

Kwa mashabiki wengi, habari ya Kibadeni inaishia hapo. Mimi naona sehemu kubwa ya mchango wake ilikuja baada ya kutundika daluga.

Kizazi cha miaka ya 1970

Kibadeni, aliyezaliwa mwaka 1949, alichipukia wakati klabu yake ikiitwa Sunderland, kabla haijachukua jina la Simba mwaka 1971. Miaka hiyo ligi ilikuwa mali ya Yanga, iliyotwaa ubingwa mfululizo kuanzia 1968 hadi 1972. Yanga hawakuwa wakitegemea vipaji peke yake. Katika muongo huo walinolewa pia na kocha kutoka Romania, Profesa Victor Stanculescu, na somo lilikuwa wazi kwa kila aliyetaka kuliona: mchezaji mzuri humhitaji mwalimu mzuri.

Simba ilivunja utawala huo mwaka 1973. Mwaka 1974 ikatwaa Kombe la Klabu Bingwa Afrika Mashariki na Kati lilipochezwa kwa mara ya kwanza, kisha ikafika nusu fainali ya Klabu Bingwa Afrika na kutolewa kwa penalti na Mehalla ya Misri. Mwaka huohuo, Agosti 10, Yanga iliilaza Simba 2-1 katika dakika za nyongeza Uwanja wa Nyamagana, Mwanza, na kunyakua ubingwa wa Tanzania.

Mwaka 1975 ulikuwa wa mkoa wetu. Mseto ya Morogoro ilitwaa ubingwa na kuwa timu ya kwanza nje ya Dar es Salaam kufanya hivyo. Baada ya hapo Simba ikarudi kwa kishindo na kubeba taji mara tano mfululizo, kuanzia 1976 hadi 1980.

Kutoka uwanjani hadi benchi

Mshambuliaji akikosea mara tisa na kufunga mara moja, hubebwa mabegani. Kocha anaweza kupatia mara tisa, akakosea mara moja na kufukuzwa. Kibadeni aliijua hatari hiyo akaikubali.

Mwaka 1993 aliiongoza Simba katika Kombe la CAF. Timu ikaitoa USM El Harrach ya Algeria, ikaitoa Atletico Sport Aviacao ya Angola, ikatinga fainali dhidi ya Stella ya Abidjan. Mechi ya kwanza, ugenini, iliisha 0-0, na nchi nzima ikaamini kombe limeshafika nyumbani. Katika marudiano ya Dar es Salaam, Novemba 1993, Stella ilishinda 2-0 na kuondoka na kombe.

Machungu yale yalificha ukubwa wa kazi iliyokuwa imefanyika. Ilipita miaka 30 kabla klabu nyingine ya Tanzania haijafika fainali ya Afrika, pale Yanga ilipocheza na USM Alger katika Kombe la Shirikisho mwaka 2023. Simba ilirejea fainali mwaka 2025 dhidi ya RS Berkane ya Morocco. Zote mbili zilifika huko chini ya makocha wa kigeni. Wa 1993 alikuwa mzawa.

Kwa kulinganisha, mwezi huohuo wa Novemba 1993, Romania ilifuzu Kombe la Dunia la Marekani chini ya Anghel Iordănescu, mshambuliaji wa zamani wa Steaua București aliyezaliwa mwaka 1950. Iordănescu alikuwa kocha msaidizi Steaua ilipotwaa ubingwa wa Ulaya mwaka 1986, na katika fainali hiyo aliingia uwanjani kama mchezaji. Baadaye akawa kocha mkuu wa klabu hiyohiyo, kisha wa taifa lake, na mwaka 1994 akaifikisha Romania robo fainali. Nchi yake ilimlea hatua kwa hatua, ikampa timu na muda.

Dakika 45 za mwaka 2013

Kibadeni hakupewa muda kama aliopewa Iordănescu. Baada ya kazi nzuri Kagera Sugar, alirudi Simba mwaka 2013 kuchukua nafasi ya Mfaransa Patrick Liewig. Oktoba 20 mwaka huo Yanga iliongoza 3-0 hadi mapumziko, kwa bao la Mrisho Ngassa na mawili ya Hamis Kiiza. Baadhi ya mashabiki wa Simba walianza kuondoka uwanjani.

Kibadeni akawaingiza vijana, Said Ndemla na William Lucian, na mchezo ukageuka. Betram Mombeki akafunga, Joseph Owino akafunga, na zikiwa zimesalia dakika chache Gilbert Kaze akasawazisha. Mechi ikaisha 3-3. Kabla mwaka haujaisha, Simba ilikuwa imemkabidhi timu Mcroatia Zdravko Logarusic. Mzee wetu alipokea kijiti kwa mgeni na kukiacha kwa mgeni.

Mwaka 2015 aliinoa timu ya Tanzania Bara, Kilimanjaro Stars, katika Kombe la Chalenji nchini Ethiopia, ikatolewa robo fainali kwa penalti na wenyeji.

Somo kwa Kilosa na Mikumi

Hapa mkoani tunao ushahidi kwamba njia ya Kibadeni inapitika. Mecky Mexime alikuwa nahodha wa Mtibwa Sugar kabla ya kuwa kocha wake. Zuberi Katwila, naye mchezaji wa zamani wa timu hiyo, aliipa Kombe la Shirikisho la Azam mwaka 2018.

Mabasi ya timu za Ligi Kuu yanapita Mikumi kwenda Iringa na Mbeya, na treni ya umeme sasa inasimama Kilosa. Vijana wetu wanawaona nyota kwa karibu kuliko baba zao wa 1977, lakini wengi bado wanacheza bila mwalimu aliyesomea kazi hiyo. Viongozi wa soka wa wilaya, shule na halmashauri wawatafute wachezaji wastaafu waliopo mitaani mwetu, wawasaidie kulipia kozi za ukocha za ngazi ya awali, kisha wawakabidhi timu za watoto na kuwavumilia. Kibadeni alifunga mabao matatu kwa siku moja, lakini kumtengeneza kocha kunahitaji miaka, na kila msimu tunaochelewa kuanza unawapotezea vijana wetu walimu.