Nani Aliamua Old Town Road Si Country?

Old Town Road ilifukuzwa kwenye chati ya country. Wengi wetu tunaikumbuka kama ngoma ya TikTok na kofia za kauboi, na hiyo sehemu tunairuka. Mimi naona ina maana kuliko rekodi zote ambazo hiyo ngoma ilivunja.

Tuanze Desemba 2018. Lil Nas X ana miaka 19, yuko Atlanta, hana lebo. Biti ameinunua mtandaoni kwa dola 30 kutoka kwa YoungKio, prodyuza kijana wa Uholanzi. Ile banjo unayoisikia imekatwa kutoka kwa kazi ya Nine Inch Nails, bendi ya roki. Jamaa anaimba mambo ya farasi juu ya biti ya trap, anaachilia ngoma, na mwezi huo huo yuko Twitter akiomba watu wamsaidie kumpata Billy Ray Cyrus.

Machi 2019 ngoma inaingia chati tatu za Billboard kwa mpigo: nafasi ya 83 kwenye Hot 100, ya 36 kwa R&B na hip hop, na ya 19 kwa country. Halafu Billboard wanaitoa kwenye country, kimyakimya. Walipoulizwa, walisema haina vionjo vya kutosha vya country ya siku hizi. Wakasema pia rangi ya msanii haikuhusika.

Haya, tuipime hiyo sababu. Rudi 1983, kwa Kenny Rogers na Dolly Parton. Kama mathe na buda wako walilelewa na redio ya Kenya, Islands in the Stream wanaijua neno kwa neno. Ile kolabo iliandikwa na Bee Gees, wale ndugu watatu wa disko, na walipoitunga walikuwa wanafikiria R&B. Ilifika namba 1 kwenye Hot 100 na namba 1 kwenye chati ya country. Hakuna aliyekuja na rula kupima vionjo.

Kwa hivyo country imekuwa ikikopa kutoka nje miaka yote. Na ukichimba zaidi, hata hilo neno "nje" linaanza kuleta shida. Banjo yenyewe ilizaliwa mikononi mwa Waafrika waliopelekwa Amerika wakiwa watumwa. Walibeba kumbukumbu ya ala za Afrika Magharibi, kama akonting ya Senegal na Gambia.

Miaka ya 1920, kampuni za rekodi za Marekani ziliamua kugawanya soko. Muziki wa Weusi ukauzwa kama "race records", wa Wazungu wa mashambani ukaitwa "hillbilly". Watu wa kusini walikuwa wanasikilizana na kuibiana nyimbo kila siku, lakini dukani walipangwa kwa rangi. Billboard walitumia hilo jina la "race" kwa chati yao hadi 1949, wakalibadilisha kuwa Rhythm & Blues. Jina jipya, boksi lile lile.

Ndani ya hayo maboksi kulikuwa na mashimo kila mahali. 1930, Jimmie Rodgers, anayeitwa baba wa country, alirekodi wimbo huku Louis Armstrong akipiga tarumbeta. Rekodi za huyo Rodgers zilifika hadi kwa Wakipsigis hapa kwetu, na 1950 Hugh Tracey akarekodi nyimbo zao za Chemirocha, jina lililotokana na lake. DeFord Bailey, mpiga harmonika Mweusi, alikuwa nyota wa Grand Ole Opry ilipokuwa bado changa. Charley Pride alipoanza miaka ya 1960, lebo yake ilituma rekodi zake redioni bila picha, wasikilizaji wapende sauti kabla ya kuona ngozi. Alimaliza na nyimbo 29 namba 1 kwenye country.

Sasa rudi 2019. Aprili 5 Cyrus anaingia kwenye remiksi. Huyu ni mzungu wa Kentucky, mwenye Achy Breaky Heart ya 1992. Watu hupenda kusema yeye ndiye aliyeiokoa ngoma. Si kweli. Old Town Road ilipanda namba 1 Hot 100 kabla remiksi haijaanza kuhesabiwa. Alichofanya Cyrus ni kusimama na kijana hadharani, na hiyo kolabo ikasaidia ngoma kukaa kileleni wiki 19. Rekodi ya awali ilikuwa wiki 16, ya One Sweet Day na Despacito.

Na bado haikurudishwa kwenye Hot Country Songs, hata na Cyrus ndani. Kisha Novemba mwaka huo, chama cha country chenyewe, CMA, kikaipa tuzo ya kolabo bora. Chati ya country inakataa, chama cha country kinatuza. Manze, muulize yeyote akueleze hiyo hesabu.

Kuna msee atasema: kama kila kitu ni country, basi hakuna country. Nakubali, mipaka inahitajika. Shida yangu ni kwamba wengine wanavuka bila kuulizwa kitambulisho, wengine wanasimamishwa getini kila mara. Ilibidi tufike 2024 ndio mwanamke Mweusi, Beyoncé, aongoze hiyo chati na Texas Hold 'Em. Kwa muziki ambao banjo yake ilitoka Afrika!

Leo usiku zisikize zikifuatana: Blue Yodel No. 9, Islands in the Stream, Old Town Road na Cyrus. Kisha uniambie ni wapi hasa country iliisha.