Kuficha si kufuta: historia ya michezo ndani ya ordinateri zetu



Ukurasa huu umezoea historia ya mambo makubwa: wakoloni, machifu, vita, bandari ya Kalundu. Leo naomba nafasi niandike juu ya kitu kidogo ambacho karibu kila mmoja wetu iko nacho, ni dosye ya michezo. Ile uliyoipa jina "Kozi ya Takwimu" ili mdogo wako asiifungue. Ile iliyo ndani ya dosye nyingine, nayo ndani ya nyingine tena, mpaka wewe mwenyewe unaitafuta dakika tano. Hiyo dosye iko na historia, na ukiisoma vizuri itakuonyesha nani hasa alikuwa mwenye mashine.

Anza na nyumba. Kwetu Uvira, ordinateri ya kwanza mara nyingi haikuwa ya mtu mmoja. Ilikuwa ya familia. Kaka mkubwa aliileta kutoka Bujumbura ao Bukavu, ya mtumba, diski ndogo, betri imekufa, inawaka tu wakati umeme uko. Ndani yake kuna memwari ya dada, hesabu za duka la mama, nyimbo za kwaya, picha za harusi na, katikati ya hayo yote, mchezo wa mpira. Nafasi ikiisha, kitu gani kinafutwa kwanza? Mchezo, bwana. Hakuna kikao kinachoitishwa. Kwa hiyo kijana anayependa mchezo wake anajifunza mapema sana kwamba kuupanga vizuri haitoshi, lazima aufiche pia.

Na njia ya kuficha imetoka wapi? Wengi tunafikiri ni akili iliyopangwa na mainjinia wakiwa mezani. Kumbe moja ya njia zinazojulikana zaidi ilizaliwa kwa uzembe mdogo. Kwenye Unix, mfumo ulioanzishwa Bell Labs kule Marekani mwaka 1969, kila dosye ilikuja kuwa na majina mawili ya pekee: nukta moja, maana yake "hapa nilipo", na nukta mbili, maana yake "dosye iliyo juu yangu". Majina hayo yalichafua orodha kila mara mtu alipotaka kuona faili zake. Aliyeandika programu ya kuonyesha orodha akachukua njia ya mkato: badala ya kuruka majina hayo mawili tu, akaamuru ordinateri iruke kila jina linaloanza na nukta. Rob Pike, aliyefanya kazi kwenye maabara hiyo, alieleza kisa hiki mwaka 2012, na hakukifurahia hata kidogo. Kwake ulikuwa mkato uliozaa desturi mbaya.

Lakini desturi ilikwisha kusafiri. Android imejengwa juu ya Linux, na Linux ilifuata mwenendo wa Unix. Ndiyo maana mpaka leo kijana wa Mulongwe akiweka nukta mbele ya jina la dosye kwenye simu, picha na video zake zinatoweka kwenye galeri. Hajui habari ya Bell Labs. Alionyeshwa na mwenzake darasani, naye mwenzake alionyeshwa na mwingine.

Microsoft nao walikuwa na njia yao. Tangu siku za MS-DOS, miaka ya 1980, faili iliweza kubeba alama ya "iliyofichwa". Kazi yake ilikuwa hasa kulinda faili za mfumo, mtu asije akazifuta kwa kutojua. Alama hiyo ikahamia Windows na bado iko: unaklike kulia, unaweka alama kwenye kisanduku kimoja, dosye imetoweka. Shikeni hiyo alama, tutaikuta tena mbele, na mara hiyo haitakuwa rafiki.

Kwanza tupite ofisini. Sisi tulimficha baba na mdogo wetu, wazungu walimficha shefu. Miaka ya 1980 michezo kadhaa ilikuwa na kitufe maalumu: shefu akiingia, unakibonyeza, na mchezo unafunikwa na kitu kinachofanana na kazi. Leisure Suit Larry, mchezo wa watu wazima wa mwaka 1987, ulikuwa nacho. Kisa kinachonifurahisha zaidi ni cha Solitaire, ule mchezo wa karata tuliozoea kuukuta kwenye kila mashine ya ofisi ya serikali. Uliandikwa mwaka 1988 na kijana aliyekuwa Microsoft kwa stage, anaitwa Wes Cherry, ukaingia kwenye Windows 3.0 mwaka 1990. Yeye mwenyewe amesimulia kwamba aliweka kitufe cha kumdanganya shefu, na kampuni ikamwambia akiondoe. Tena hakulipwa kitu juu ya kila nakala iliyouzwa. Stajiere wa Uvira, unajisikia huko?

Mwaka 2006, Michael Bloomberg, meya wa New York, alitembelea ofisi moja ya mji wake, akaona Solitaire kwenye skrini ya mfanyakazi, na yule mtu akapoteza kazi. Kile kitufe kingekuwa bado kiko, labda angebaki na mshahara wake.

Sasa turudi kwetu, kwenye sura ambayo mimi naona inastahili kuandikwa kwenye historia ya wanafunzi wa Kivu nzima. Miaka ya 2010. Umemaliza TFC yako. Unaipeleka saiba ndani ya flashi ili waitoe kwenye karatasi. Unarudi nyumbani, unafungua flashi, na kila dosye imegeuka rakursi: kialama chenye mshale mdogo, uzito wake kilobaiti 1 ao 2. TFC, rakursi. Picha, rakursi. Michezo, rakursi. Watu walilia, na sisemi kwa mfano. Ushauri uliotolewa kila mahali ulikuwa mmoja: "Fanya formatage, flashi imekufa." Nao walifanya. Hapo ndipo kazi ya mwaka mzima ilipopotea kweli, kwa mkono wa mwenyewe.

Juu ya nini? Juu ya ile alama. Virusi hakikufuta kitu. Kilichukua dosye zako, kikaziwekea alama ya "iliyofichwa" na ya "faili ya mfumo", halafu mahali pake kikaweka rakursi zenye majina yaleyale. Ukiklike rakursi, inaamsha virusi kwanza, halafu inakufungulia dosye ya kweli ili usishtuke. Familia moja ya virusi vya namna hiyo Microsoft waliiita Jenxcus, na mwaka 2014 walienda mahakamani Marekani kupambana na waliokuwa nyuma yake. Sisi hatukuwa na mahakama. Tulikuwa na mstari mmoja wa kuandika kwenye kile kidirisha cheusi: attrib -h -r -s /s /d, pamoja na herufi ya flashi yako na nyota ya kusema "zote". Unabonyeza, unangoja, na kila kitu kinarudi kama kilikuwa kimelala.

Kijana mmoja wa kwetu aliandika mstari huo kwenye kipande cha karatoni juu ya meza yake, na alikuwa analipisha faranga 500 kwa kila flashi. Aliujua kwa sababu gani? Kwa sababu ya michezo. Alikuwa amezoea kuficha na kufichua dosye yake kila jioni, akajua kwamba kitu kisichoonekana si lazima kiwe kimeondoka. Walimu walikuwa wanasema michezo inaharibu masomo. Mimi nimehesabu kwa kichwa tu, lakini nasema bila kuogopa: wacheza michezo waliponya TFC nyingi za wasiocheza.

Halafu simu ikaja, na dosye ikahama. Mwishoni mwa mwaka 2012 ilitoka programu ya bure inaitwa PPSSPP, inayoifanya simu icheze michezo ya PSP, ile mashine ndogo ya Sony ya mwaka 2004. Mchezo mzima unakuwa faili moja ya ISO, mara nyingi inapita giga 1. Kuishusha kwenye intaneti kwa mega za kununua, hapana, hiyo ni pesa ya chakula. Kwa hiyo mmoja anaipata, wengine wanapashana simu kwa simu, kwa Xender, wamekaa kwenye ukuta. Tusijidanganye, karibu hakuna aliyenunua michezo hiyo. Lakini angalieni jinsi kazi ya kupanga ilivyobadilika. Ukifuta ISO leo, hujui kama yule aliyekupa bado iko nayo kesho. Kwa hiyo haufuti. Unaihamisha kwenye kadi, unaipa jina lingine, unaiweka ndani ya dosye yenye nukta. Michezo yetu tuliitunza namna bibi anavyotunza mbegu.

Kwa wenzetu wa Ulaya na Marekani hadithi ilienda upande mwingine kabisa. Tarehe 12 Septemba 2003 kampuni ya Valve ilifungua Steam. Mwaka uliofuata mchezo wao Half-Life 2 haukukubali kuchezwa bila Steam, hata kama ulinunua CD dukani, na wachezaji walilalamika sana. Leo ndilo duka kubwa la michezo ya ordinateri. Unanunua, mchezo unaingia kwenye akaunti yako, unaufuta na kuushusha tena mara unazotaka. Matokeo yake watu wakajaza akaunti zao mamia ya michezo ya bei ya punguzo ambayo hawajawahi kuifungua. Hapo ndipo kuficha kukapata maana mpya. Kitufe cha "ficha mchezo huu" cha Steam hakimfichi baba wala shefu. Kinakufichia wewe mwenyewe rafu yako, ili usione aibu ya vile ulivyonunua bure. Mwaka 2019 wakaongeza makusanyo: unapanga kwa aina, kwa vile umemaliza na vile haujamaliza, hata mashine inakupangia yenyewe. Lakini mchezo uliouficha kwako, rafiki zako waliweza bado kuona kwamba unaucheza. Ilibidi mpaka mwaka 2024 ndipo Steam waweke njia ya kuufanya mchezo uwe siri hata kwa marafiki. Kijana wa Mulongwe alianzia pale Steam walipofikia mwisho.

Mimi nilipoielewa Steam, nilionea wivu kwanza. Halafu nikasoma masharti. Unacholipia ni ruhusa ya kutumia, mchezo wenyewe si mali yako. Mwaka 2024 jimbo la California lilipitisha sheria inayolazimisha maduka ya namna hiyo kusema wazi jambo hilo. Mwaka huohuo, tarehe 31 Machi, Ubisoft walizima mashine zilizokuwa zinauendesha mchezo wa magari The Crew, na waliokuwa wameulipia wakabaki na jina tu kwenye orodha. Mwaka mmoja kabla ya hapo, shirika la Video Game History Foundation lilitoa utafiti wa michezo ya zamani iliyotoka Marekani kabla ya mwaka 2010: asilimia 87 haipatikani tena madukani. Wanaotaka kuiona wanategemea nakala za watu walioficha kitu kwenye diski zao.

Lakini sitaki kuipamba diski yetu. Aprili 2020, mto Mulongwe ulipofurika ukabeba manyumba na watu, ordinateri zilizokuwa chini kwenye sakafu zilijaa tope, na hakuna mstari wa kuandika unaofufua diski iliyokunywa maji. Siku kama hiyo mwenye akaunti anakumbuka neno la siri tu, basi. Ila kununua mara nyingi kunataka kadi ya benki inayokubaliwa mtandaoni, na koneksio ya kushusha giga 50. Wangapi kati yetu?

Na Desemba 2025, wakati watu maelfu kwa maelfu wa mji wetu walikimbilia Burundi, hakuna aliyebeba ordinateri ya mezani kichwani. Rafiki yangu mmoja alitoka na nguo na kadi ndogo ya simu ya giga 32, imefungwa kwenye pindo la shati. Simu yenyewe iliharibika njiani. Siku kadhaa baadaye aliazima simu ya mtu, akaingiza kadi, akakuta picha chache tu, akaniandikia kwamba kila kitu kimeenda. Nilimuuliza diploma yake aliipiga picha na kuiweka wapi. Akasema: kwenye dosye ya michezo, ile ya nukta, kwa sababu pale hakuna mtu angeitafuta. Nikamwambia aingie kwenye programu ya mafaili, afungue menyu, aweke alama kwenye "onyesha zilizofichwa".

Alinijibu kisha dakika mbili. Diploma iko, ya pande zote mbili. Michezo pia, yote minne.