Valiamu, nusukaputi na "dawa ya usingizi" ya Karatu

Hivi umewahi kukaa ukahesabu ni vitu vingapi tunavyoviita "dawa ya usingizi"? Mimi nilihesabia Karatu. Nilikuwa huko kikazi, nikifuatilia habari ya maji ambayo haihusiani kabisa na dawa, lakini ukiwa na sikio la kudaka maneno hupumziki. Dukani ukiuliza valiamu unaambiwa hiyo ni dawa ya usingizi, lete cheti cha daktari. Hospitalini anayesubiri kupasuliwa anaambiwa atachomwa dawa ya usingizi. Kisha ukiipita Karatu mjini, ukavuka geti la Lodoare na kuingia Ngorongoro, unasimuliwa jinsi faru anayetakiwa kutibiwa anavyopigwa kwa bunduki sindano ya... dawa ya usingizi. Na kuna ile anayowekewa mtu kwenye bia, akaamka hana simu wala pochi. Nayo tunaiita hivyo hivyo.

Jina moja, vitu vinne tofauti. Mtu anaweza kusema aah, maneno tu hayo. Ngoja tufike mbele.

Tuanze na valiamu. Valium ni jina la biashara lililoingia sokoni mwaka 1963 chini ya kampuni ya Uswisi ya Hoffmann-La Roche. Maelezo yanayokubaliwa na wengi ni kwamba limechongwa kutoka neno la Kilatini valere, kuwa na nguvu au kuwa na afya. Warumi wa kale walipoagana walisema vale, uwe mzima, kama sisi tunavyosema kwaheri tukiwa tumeshasahau kwamba ndani yake kuna heri. Kwa hiyo kidonge kinacholegeza misuli kimepewa jina la nguvu! Watu wa masoko hawajaanza leo. Dada yake mkubwa, Librium, alitoka mwaka 1960, na jina lake limekatwa kutoka neno la Kilatini linalomaanisha mizani iliyotulia.

Aliyezigundua zote mbili ni mkemia Leo Sternbach. Alizaliwa mwaka 1908 Opatija, mji ambao leo uko Kroatia, akasomea Kraków huko Poland, na kwa kuwa alikuwa Myahudi, mwaka 1941 kampuni ilimhamishia New Jersey, Marekani, mbali na mkono wa Hitler. Miaka ya 1950 alirudia kemikali alizozichezea ujanani Kraków alipokuwa anatafuta rangi za nguo. Hazikuleta kitu, wakubwa wakamwambia aachane nazo. Mwaka 1957, katika kusafisha maabara, mwenzake Earl Reeder aliona unga uliosahaulika kwenye rafu. Badala ya kuutupa wakaupeleka ukapimwe kwa wanyama.

Hapa naomba msomaji uwe makini, maana ndipo hoja yangu ilipo. Kilichowashangaza wapimaji hakikuwa usingizi. Dawa za kulaza watu zilikuwepo tele. Kilichowashangaza ni kwamba nyani wakali wa maabara, wale wa kuuma mikono, walikuwa wapole huku macho yamefunguka. Wanatembea, wanakula, wanakutazama, ila hasira na woga vimeondoka. Baadaye ikaonekana pia kwamba dawa za ukoo huu zinakata mitukutiko ya mwili. Usingizi unakuja, ndiyo, hasa dozi ikiongezwa, lakini ni mmoja tu kati ya kazi zake, na wala siyo kazi iliyoipa umaarufu.

Jina la kitaalamu la Valium ni diazepam, na ndilo lililoandikwa kwenye vidonge vingi unavyoviona hapa kwetu, kwa kuwa hataza ya Roche ilishakwisha muda miaka mingi iliyopita na viwanda vingi vinaitengeneza. Shirika la Afya Duniani liliiweka diazepam kwenye orodha yake ya kwanza kabisa ya dawa muhimu, mwaka 1977. Lile "azepam" la mwishoni ni kama jina la ukoo: lorazepam, nitrazepam, clonazepam, wote ndugu. "Di" ni mbili, "az" ni naitrojeni, yaani chembe mbili za naitrojeni ndani ya pete ya kemikali yenye pembe saba. Hiyo "az" yenyewe inatokana na jina la Kifaransa la naitrojeni, lililoundwa kwa Kigiriki kumaanisha kisicho na uhai. Ukoo mzima unaitwa benzodiazepini, na "benzo" je? Hii ilinifurahisha kuliko zote. Inarudi mpaka kwenye utomvu wa kunukia ambao Waarabu waliuita luban jawi, ubani wa Java. Wazungu wakalimeza neno hilo wakaanza na kulikata "lu" ya mbele, wakidhani ni kiambishi, likageuka geuka hadi kuwa benzo. Sisi tulichukua luban hiyo hiyo tukapata ubani. Kwa hiyo ubani anaofukiza bibi yako Pangani na benzodiazepini ya mfamasia wa Karatu, kwa upande wa maneno, ni mtu na binamu yake.

Sasa njoo kwenye Kiswahili chenyewe. Zamani tulikuwa na neno la pekee kwa dawa ya chumba cha upasuaji: nusukaputi. Wazee bado wanalitumia, "walimpiga nusukaputi". Nusu ni yetu, na kaputi inaelezwa kuwa ni kaputt ya Kijerumani, kilichoharibika, kilichokufa. Nusu mfu! Ni neno la enzi zile zile zilizotuachia shule, na enzi ambazo ndugu wawili wa Kijerumani, Adolf na Friedrich Wilhelm Siedentopf, walikuwa wanafuga na kulima ndani ya kreta ya Ngorongoro kabla ya Vita Kuu ya Kwanza. Mimi nalipenda neno hili kwa sababu linasema ukweli. Aliye chini ya nusukaputi hajalala. Ukimkata hasikii, ukimwita haitiki, na pasipo mtaalamu wa kumsimamia pumzi inaweza kukatika. Sisi vijana wa mjini tumeliona la kishamba, tukaliacha, tukabaki na "usingizi" kwa kila kitu.

Na faru? Katikati ya miaka ya 1960 mtafiti John Goddard alitambua faru 108 ndani ya kreta peke yake. Kufika miaka ya 1990 majangili walikuwa wamewaacha chini ya 20, na tangu hapo kila faru analindwa kama mboni ya jicho. Lakini mnyama mwenye uzito wa tani moja humkamati kwa kamba. Dawa inayotumika zaidi kwa faru ni etorphine, iliyotengenezwa Uskochi miaka ya 1960 na kujulikana kwa jina la M99. Hiyo ni ya ukoo wa afyuni, na ukali wake unaishinda mofini zaidi ya mara elfu moja. Tone likikuingia mwilini wewe binadamu, ni hatari ya kifo. Mmoja wa waliofungua njia ya kuwapiga wanyama sindano kwa bunduki hapa Afrika Mashariki alikuwa daktari wa mifugo Toni Harthoorn. Kazi yake ndiyo iliyozaa mchezo wa televisheni wa Kimarekani ulioitwa Daktari, kuanzia mwaka 1966, na ndivyo neno letu lilivyofika sebuleni kwa watu wa Chicago. Kwa simba mara nyingi hutumika mchanganyiko mwingine uitwao Zoletil, na humo ndani, kweli, kuna ndugu wa valiamu, zolazepam. Ila ameungana na dawa nyingine yenye nguvu ya kumlaza simba chini.

Basi nikiwa pale Karatu nilikaa benchi moja na mama mtu mzima aliyempakata mjukuu kwenye khanga. Nikamwamkia, akaitikia, tukaanza kuzungumza. Mtoto alikuwa ameshikwa na degedege siku mbili kabla. Walimkimbiza kwenye zahanati, wakaambiwa atapewa dawa ya usingizi, na yeye bibi akakataa kata kata.

"Kwa nini mama?"

"Mwanangu, hiyo si ndiyo wanayompiga nayo faru huko juu? Kifaru kizima kinaanguka. Huyu ana kilo ngapi?"

Nilikosa la kusema haraka. Kwa lugha tuliyompa, mantiki yake haina kasoro. Jina ni moja, na amewaona au amewasikia wanaoanguka. Bahati nzuri mitukutiko ilikoma yenyewe, na mtoto alikuwa pale anatafuna kipande cha muwa.

Si kila mara inakoma yenyewe. Mitukutiko ikizidi dakika tano bila kukoma ni jambo la dharura, ubongo unaweza kudhurika, na diazepam kupitia njia ya haja kubwa au mshipa ni kati ya dawa ambazo kituo cha afya kinatumia kuikata. Haipigwi ovyo, kwa kuwa inaweza kupunguza pumzi, ndiyo maana inatakiwa mikononi mwa muuguzi na siyo kabatini nyumbani. Na huyo bibi wa Karatu hayuko peke yake. Watafiti waliofanya kazi Bagamoyo miaka ya 1990 waliwakuta wazazi wengi wakiamini kwamba mtoto wa degedege akichomwa sindano anakufa. Huko pwani jina lenyewe la ugonjwa linahusishwa na ndege apitaye usiku juu ya mtoto. Ugonjwa wa ndege, dawa ya kulaza faru! Mzazi yupo katikati na dakika zinakwenda. Mara nyingi nyuma ya degedege hiyo ni malaria kali au homa ya uti wa mgongo, kwa hiyo anayekimbia sindano ameikimbia na tiba ya ugonjwa wenyewe.

Ile ya kwenye bia nisiisahau. Rohypnol, flunitrazepam kwa jina la ukoo, nayo ni ya Roche: "Ro" ya kampuni na "hypno" ya Kigiriki, usingizi. Huyu angalau jina lake halidanganyi. Mombasa vijana wanaotumia vidonge hivyo waliviita bugizi, na kwenye baa za Nairobi kutiliwa dawa ya kukupumbaza kunaitwa kuwekewa mchele. Mwishoni mwa miaka ya 1990 Roche iliongeza rangi ya buluu ili kinywaji kikitiliwa kibadilike. Kwenye glasi ya wiski ndani ya baa yenye taa nyekundu sijui nani angeiona.

Nilimuuliza muuguzi mmoja wa huko huko Karatu yeye huwa anasemaje kwa wazazi. Akacheka. Kwa Kiswahili anasema "dawa ya kukata degedege", na neno usingizi halitamki mpaka mtoto ametulia na mama anauliza mbona amelala. Hapo ndipo anamweleza kwamba dawa humlegeza kwa muda, kwamba yeye atakaa pale anahesabu pumzi zake. Kwa wazazi wa Kimasai wanaoshuka kutoka Ngorongoro anamwita mhudumu mwenzake atafsiri, na anasema huko kazi ni nyepesi kidogo, kwani olchani ni mti na ni dawa pia, na kila mti una kazi yake na jina lake.