Ukoko wa Mti: Historia ya Jina Lililokosa Makazi

Mwalimu mmoja wa sayansi wa Kasansa, katika nchi ya Mpimbwe mkoani Katavi, alituandikia barua fupi yenye swali moja. Wanafunzi wake walikuwa wameleta darasani vipande vya gome vyenye mabaka ya kijivu, yaliyoshikamana na gome hata yasiweze kubanduliwa peke yake. Mmoja alisema ni ukungu, wa pili akasema ni choa cha mti, wa tatu akataka mti ukatwe kabla haujaiambukiza mingine. Mwalimu alilijua neno lililomo katika kitabu cha Kiingereza. Alichotaka kujua ni hiki: kwa Kiswahili tukiite nini?

Swali hilo haliwezi kujibiwa kwa haki pasipo kuitazama historia, kwani kitu hiki kilipewa majina kabla hakijaeleweka.

Neno lililoenea katika lugha za Ulaya lilitoka kwa Wayunani, nao walilitumia pia kwa maradhi ya ngozi yenye mabaka. Hata leo madaktari wa ngozi wanalo neno hilo hilo kwa magonjwa yasiyohusiana na mimea hata kidogo. Basi yule mwanafunzi aliyesema choa cha mti alifikiri kama Wayunani walivyofikiri zaidi ya miaka elfu mbili iliyopita. Hata hivyo kosa ni kosa. Kiumbe hiki hakiugui wala hakiuguzi. Gome ni makao yake tu, na chakula chake hutokana na mwanga, hewa na maji ya mvua.

Pwani yetu haikuwangoja wataalamu. Katika karne ya 19 Unguja ilikuwa ikiuza ng'ambo malele, yaani likeni za jamii ya Roccella ziotazo juu ya miti na miamba ya pwani. Malele yenyewe ni ya kijivu. Rangi ya zambarau ya kutilia nguo hutokea baada ya kulowekwa kwa siku nyingi katika maji yenye amonia, na zamani mkojo uliochacha ndio uliotumika. Mwaka 1856 William Perkin wa Uingereza alitengeneza zambarau ya kemikali, na kadiri rangi za viwandani zilivyozidi, biashara ya malele ilififia na neno likafifia pamoja nayo. Sidhani kama walimu wengi wanaochovya karatasi ya litmasi katika siki wanafahamu kuwa dawa ile ilitolewa katika likeni za jamii hiyo hiyo.

Je, neno malele lipanuliwe liwe jina la likeni zote? Nililipenda wazo hilo kwa muda, kisha nikaliacha. Malele lilikuwa jina la bidhaa, tena ya mmea unaoning'inia kama nyuzi. Kulitwika mabaka ya gome ni sawa na kuuita kila mti mkarafuu kwa sababu tuliuza karafuu.

Yako pia mapendekezo ya kuunganisha kuvu na mwani kuwa neno moja. Asili yake ni heshima kwa Simon Schwendener wa Uswisi, ambaye katika miaka ya 1867 hadi 1869 alieleza kwamba likeni si mmea mmoja, bali ni kuvu na mwani wanaoishi pamoja. Alimfananisha kuvu na bwana, na mwani na watumwa wake. Mfano ambao msomaji wa pwani ya miaka ile, soko la watumwa la Unguja likiwa bado wazi, angeuelewa upesi mno. Wenzake wengi walimkataa. William Nylander, Mfini aliyeishi Paris, alimpinga hadi kufa kwake mwaka 1899. Schwendener ndiye aliyeshinda, lakini ushindi wake haukuwa mwisho wa habari. Katika baadhi ya likeni mshirika wa kuvu si mwani bali ni bakteria, na mwaka 2016 watafiti walioongozwa na Toby Spribille walitangaza kuwa wameona ndani ya likeni nyingi kuvu wa pili, wa aina ya hamira. Neno lililojengwa kwa washirika wawili lingekuwa limekwisha kuchakaa. Kwa sababu hiyo naona heri tukope na kusema likeni, neno lisilodai kueleza kitu.

Kukopa kuishie hapo. Likeni za gome zina maumbo, na maumbo tuna maneno yake. Iliyo pana kama jani na iitwe likeni ya jani. Iliyosimama au kuning'inia, likeni ya kichaka. Ile ya Kasansa, isiyobanduka bila kung'oka na gome, ni likeni ya ukoko. Kila aliyewahi kukwangua sufuria ya wali ataelewa. Kigaga lingefaa pia, ila linaturudisha kwenye kidonda.

Jina hili lina haraka kuliko inavyodhaniwa. Likeni za ukoko hustawi mno katika misitu ya milima yenye mvua, mfano Usambara, ambako Jean Müller wa Geneva aliorodhesha likeni zake mwaka 1894 kwa vielelezo alivyopelekewa. Lakini kitabu kikubwa cha Swinscow na Krog cha mwaka 1988 juu ya likeni za Afrika Mashariki kilishughulikia zile kubwa, na za ukoko zikaachwa nje. Kitu kisichokuwamo vitabuni wala kinywani hukwanguliwa pasipo mtu kuuliza.

Mwalimu wetu tulimjibu hivyo, tukamwomba mti usikatwe. Tulimshauri pia adondoshe maji juu ya ukoko mkavu na kuwaambia wanafunzi wangoje kidogo: kijivu hugeuka kijani, kwa kuwa ngozi ya kuvu ikilowa hupitisha mwanga, na mwani ulio chini yake huonekana.