Penny Chenery, mama aliyekataa kuuzisha farasi za papa yake

Penny Chenery alizaliwa mwaka 1922 katika jimbo la New York, Marekani. Papa yake alikuwa na shamba la kuzalisha farasi wa mashindano kule Doswell, Virginia. Mwisho wa miaka ya 1960 mzee akawa mgonjwa, na shamba likawa linakula pesa tu. Ndugu zake Penny walitaka liuzwe. Yeye, mama wa watoto wanne, akakataa na kushika kazi mwenyewe.

Majike yalikuwa ya Chenery, dume lilikuwa la jamaa ya Phipps. Watoto waligawanywa kwa kurusha sarafu. Mwaka 1969 Ogden Phipps alishinda, akachagua wa kwanza. Penny akabakia na yule aliyekuwa angali tumboni. Kumbe ndiye Secretariat, aliyezaliwa 1970.

Riva Ridge, farasi mwingine wa shamba, alishinda Kentucky Derby mwaka 1972. Januari 1973 mzee akafariki, na kodi ya urithi ikawa nzito. Penny akauzisha haki za kumzalisha Secretariat kwa hisa 32, jumla dola milioni 6,08, mbele ya mashindano makubwa ya mwaka ule.

Secretariat akashinda yote matatu, jambo lililokosekana miaka 25. Kule Belmont aliacha wenzake kwa urefu wa farasi 31; muda wake, dakika 2 na sekunde 24, haujavunjwa mpaka leo.

Penny alifariki mwaka 2017, akiwa na miaka 95.