Mahali pa Huduma za Umma na Haki ya Jirani: Kutoka Reli ya Kigoma hadi Dampo la Tabata

Mwaka 1914 Reli ya Kati iliyojengwa na Wajerumani ilifika Ziwa Tanganyika katika ghuba ya Kigoma, wala si Ujiji, mji mkongwe wa biashara uliokuwa kilomita chache kusini yake. Ghuba ilichaguliwa kwa kuwa ilikuwa na kina na kinga iliyofaa meli. Uamuzi huo ulihamisha kitovu cha biashara na utawala, na wakazi wa Ujiji hawakuwa na chombo cha kisheria cha kuupinga. Sehemu hii inadai kwamba nafasi hiyo ya kupinga ilipopatikana baadaye nchini Tanzania, ilimlinda zaidi mkazi aliyefika mahakamani kuliko jirani aliyefuata.

Haki za binadamu ziliingizwa katika Katiba mwaka 1984, lakini utekelezaji wake mahakamani ulianza Machi 1988. Mwaka huohuo wakazi wa Tabata, Dar es Salaam, walifungua Shauri la Madai Na. 299 la 1988 dhidi ya Halmashauri ya Jiji, wakilalamikia dampo lililoleta moshi, harufu na nzi majumbani mwao. Mahakama Kuu iliamuru dampo hilo lisitishwe. Halmashauri iliporudi kuomba muda zaidi, Jaji Lugakingira alikataa. Kwa maoni yake, mamlaka ya umma haiwezi kuiomba mahakama ruhusa ya kuchafua mazingira na kuhatarisha maisha ya watu. Kufanya hivyo ni kukiuka haki ya kuishi iliyomo katika Ibara ya 14.

Hata hivyo, taka zilihitaji mahali pa kwenda. Zilipelekwa Kunduchi Mtongani, nako mamia ya wakazi wakafungua Shauri Na. 90 la 1991. Jaji Rubama alibaini kwamba eneo hilo lilitengwa kwa makazi. Alitoa amri ya kutengua uamuzi wa Halmashauri, amri ya kuizuia kuendelea kutupa taka hapo, na amri ya kuishurutisha itafute mahali panapofaa. Baadaye taka zilielekezwa Vingunguti, kisha Mtoni, na hatimaye Pugu Kinyamwezi. Hivyo basi, kila ushindi ulikuwa halali, lakini mzigo uliondolewa mlangoni kwa mmoja ukatuliwa mlangoni kwa mwingine.

Funzo hilo lina uzito wa pekee kwa Kigoma-Ujiji, mji uliobanwa kati ya vilima na ziwa. Kifungu cha 57 cha Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 kinakataza, ndani ya mita 60 kutoka ufukweni, shughuli za kudumu zinazoweza kuathiri mazingira. Katazo hilo linalilinda ziwa, lakini pia linapunguza ardhi inayoweza kupokea dampo au mabwawa ya majitaka bila kuzisogelea nyumba.

Aidha, njia ya kudai haki ni ndefu. Mashauri ya madai dhidi ya Serikali hufunguliwa Mahakama Kuu baada ya notisi ya siku 90, na tangu marekebisho ya mwaka 2020 utaratibu huo unazihusu pia serikali za mitaa. Anayetaka amri kama zile za Mtongani sharti aombe kibali ndani ya miezi sita tangu uamuzi kutolewa. Kabla Mahakama Kuu haijafungua masjala Kigoma, mdai alisafiri hadi Tabora, umbali wa takriban kilomita 400 kwa reli. Mvuvi wa Kibirizi au Katonga, ambaye kipato chake hutegemea usiku wa kwenda ziwani, hakuwa na nafasi sawa na mkazi wa Tabata.

Kwa jumla, mashauri ya Tabata na Mtongani yaliweka mpaka ambao mamlaka za umma haziwezi kuuvuka, lakini hayakuamua nani abebe mzigo wa mji. Swali hilo hujibiwa mapema zaidi, katika tathmini ya athari kwa mazingira na mikutano ya wananchi, kabla msingi haujachimbwa. Wakazi wasiposikilizwa katika hatua hiyo, dampo linaweza kuishia kwa jirani asiye na uwezo wa kufika mahakamani.